Sefu: Maana ya Jina na Safari Yake hadi Maniema

1. Utangulizi

Katika miji ya Kasongo, Kindu na Kisangani jina Sefu ni la kawaida, na mwenye kulisikia haulizi mara mbili. Hata hivyo, jina hilo limebeba mambo mengi kuliko ufupi wake unavyoonyesha. Limetoka katika lugha ya Kiarabu, likapita Omani na Unguja, likaingia Kongo katika karne ya 19 pamoja na misafara ya pembe za ndovu na watumwa, kisha likabaki katika jamaa za Waswahili wa Maniema hata baada ya misafara hiyo kukoma. Ndiyo maana maswali matatu hulizunguka: Je, ni jina la kigeni au la Kikongo? Je, ni la Waislamu peke yao? Na je, anayempa mwanawe jina hilo leo anakumbuka upanga, au anamkumbuka mtu?

Madhumuni ya makala haya ni kueleza asili ya neno lenyewe, namna lilivyogeuka katika matamshi ya Kiswahili, watu mashuhuri waliolichukua, na mahali pake katika nchi ya Kongo.

2. Asili ya neno

Sefu ni umbo la Kiswahili la neno la Kiarabu sayf, maana yake upanga. Wingi wake ni suyuf. Neno hilo si la Waarabu peke yao. Katika Kiaramu kuna saifa, na katika Geez, lugha ya kale ya Uhabeshi, kuna sayf, yote yakiwa na maana hiyohiyo. Wataalamu wamelilinganisha pia na neno la Misri ya kale lililotaja kisu au upanga, na hata na neno la Kiyunani xiphos, bila kukubaliana nani alimwazima mwenzake.

Ni lazima kulitenga neno hili na mengine yanayofanana nalo. Kiarabu kina herufi mbili ambazo sikio la Mswahili huzipokea zote kama s. Sayf yenye herufi ya sini ni upanga, lakini sayf yenye herufi ya swadi ni kiangazi. Hilo la pili ndilo linalotajwa katika Sura ya 106 ya Kurani, inayozungumzia misafara ya Makureshi ya majira ya baridi na ya kiangazi. Kuna pia sif, yaani ukingo wa bahari. Jina la mtu latokana na neno la kwanza. Inafaa kukumbuka kwamba neno sayf lenye maana ya upanga halimo katika Kurani hata mara moja. Kwa hiyo Sefu si jina lililochukuliwa katika Kitabu, kama vile Yusufu au Ibrahimu. Ni jina la Waarabu wenyewe, lililokuwako katika desturi yao na likaendelea kutumika chini ya dini mpya.

3. Desturi ya majina makali

Waarabu wa kale walipenda kuwapa watoto wa kiume majina yenye ukali: Asad, yaani simba, Sakhr, yaani mwamba, Harb, yaani vita. Ibn Durayd (837–933), mtaalamu wa lugha wa kabila la Azd aliyepata kuishi Omani miaka kadhaa, alitunga kitabu kizima juu ya asili ya majina ya Waarabu. Humo imesimuliwa hoja ya wazee kwamba mtoto hupewa jina kwa ajili ya adui atakayelisikia, ilhali mtumwa hupewa jina jema na la kupendeza kwa ajili ya bwana atakayemwita nyumbani. Hoja hiyo yaonyesha kwamba jina kali halikuwa dua ya kumtakia mtoto ukatili. Lilikuwa ngao, na tena tangazo la ukoo kwa majirani zake.

Uislamu ulipokuja, haukufuta desturi hiyo yote, bali uliichuja. Hadithi husifu majina kama Abdallah na Abdurahmani, na huchukia jina Harb. Upanga haukuwekwa katika kundi hilo la kuchukiwa. Katika Madina alikuwako mhunzi aliyeitwa Abu Sayf, ambaye mkewe alimnyonyesha Ibrahimu, mwana wa Mtume. Khalid bin al-Walid naye, jemadari aliyefariki mwaka 642, alipata lakabu ya Sayfullah, yaani Upanga wa Mungu, baada ya vita vya Muta vya mwaka 629.

Tangu hapo neno lilipanda daraja likawa cheo. Ali, mtawala wa Halab (945–967) aliyekuwa mlezi wa mshairi al-Mutanabbi, alijulikana kama Sayf al-Dawla, Upanga wa Dola. Qutuz, sultani wa Misri aliyewashinda Wamongoli huko Ain Jalut mwaka 1260, aliitwa Sayf al-Din, Upanga wa Dini. Kutokana na vyeo hivyo yamezaliwa majina marefu ambayo Waswahili wanayajua katika maumbo kama Seifudini na Seifulahi. Aghalabu jina refu likitumika nyumbani hukatwa, na mwenye nalo akabaki Seifu au Sefu.

4. Je, ni jina la Waislamu peke yao?

Ushahidi wa historia wakanusha jambo hilo. Kabla ya Uislamu alikuwako Sayf bin Dhi Yazan, mwana wa wafalme wa Himyar katika Yemeni. Katika karne ya 6, kwa msaada wa Waajemi, aliuondoa utawala wa Wahabeshi katika nchi yake. Karne nyingi baadaye wasimulizi wa Misri na Shamu walimtungia hadithi ndefu sana ya mapigano na maajabu, ambayo sehemu yake kubwa yahusu nchi za Wahabeshi na mto Nili.

Ajabu ni kwamba Wahabeshi wenyewe, Wakristo, walilipenda neno lilelile. Mfalme Newaya Krestos, aliyeanza kutawala Uhabeshi mwaka 1344, alichukua jina la kiti la Sayfa Ared, na mpaka leo Seifu ni jina la kawaida miongoni mwa Wakristo wa Ethiopia. Hivyo, mtu anayedhani kwamba kila Sefu ni Mwislamu amechanganya mambo mawili: njia ambayo jina liliingilia Kongo, na maana ya jina lenyewe.

5. Omani na Unguja

Jina lililofika Maniema lilipitia Omani. Huko upanga si silaha tu, bali ni alama ya heshima: huonekana katika ngoma ya razha, na panga mbili zilizopishana pamoja na jambia ndizo nembo ya dola hata leo.

Nasaba ya watawala wa ukoo wa Yaarubi yafaa kuwa mfano bora wa desturi ya kumpa mtoto jina la babu yake. Sultan bin Seif aliwatoa Wareno Maskati mwaka 1650. Mwanawe Seif bin Sultan, aliyetawala tangu 1692 hadi 1711, ndiye ambaye majeshi yake yaliiteka Ngome ya Mombasa mwezi wa Desemba 1698, baada ya mazingira ya karibu miaka mitatu. Aliyemfuata alikuwa mwanawe, Sultan bin Seif wa pili, na mwana wa huyo aliitwa tena Seif bin Sultan. Majina mawili yalipokezana vizazi vinne: mjukuu humrudisha babu. Desturi hiyo si ngeni kwa Waafrika, na hapana shaka ni sababu mojawapo iliyorahisisha majina ya Kiarabu kupokewa barani bila kuvunja utaratibu wa jamaa.

Katika Unguja jina limedumu, na aghalabu huandikwa Seif. Mmojawapo wa waliolichukua ni Seif Sharif Hamad (1943–2021), mwanasiasa aliyekuwa Waziri Kiongozi wa Zanzibar na baadaye Makamu wa Kwanza wa Rais.

6. Kutoka sayf hadi Sefu

Mabadiliko ya matamshi yanafuata kawaida. Kwanza, sauti ay ya Kiarabu mara nyingi imekuwa e katika Kiswahili: khayr imekuwa heri, dayn imekuwa deni, bay imekuwa bei. Kwa kanuni hiyohiyo sayf imekuwa sef. Baadhi ya maneno yamehifadhi irabu mbili, kama aibu, haiba na jina Zaidi. Ndiyo sababu Saifu na Sefu huweza kusikika katika mji mmoja.

Pili, Kiswahili kwa kawaida hakipendi neno liishe kwa konsonanti. Irabu inayoongezwa huchaguliwa aghalabu kwa kufuata konsonanti ya mwisho. Baada ya sauti za midomo huja u: Yusufu, Sharifu, Rajabu, Ibrahimu. Baada ya sauti nyingine nyingi huja i: Rashidi, Hamisi, Hasani, Daudi. Sefu limo katika kundi la kwanza.

Katika Kiswahili cha Kongo majina mengi ya Kiarabu yamegeuka zaidi: Hamisi limekuwa Amisi, Hasani limekuwa Asani, Ramadhani limekuwa Ramazani, na Juma mara nyingine limekuwa Yuma. Sefu halikuguswa, kwa kuwa halina sauti yoyote inayosumbua ulimi wa bara. Mwandiko wa Kifaransa nao umeleta jambo la kuchekesha: ai ya Kifaransa husomwa karibu na e, kwa hiyo karani akiandika Saif bila nukta mbili juu ya i, Mfaransa atalisoma karibu na Sefu!

Mwanafunzi asilichanganye jina hili na shefu, yaani mkuu, lililotoka katika Kifaransa chef. Wala na sefu ya Waswahili wa mashariki, yaani kasha la chuma la kuwekea fedha, lililotoka katika Kiingereza. Na kwa kuwa Kiswahili kilikuwa tayari na neno lake upanga, msemaji wa kawaida hasikii upanga wowote anapomwita Sefu. Maana ya asili imelala; mwenye kuiamsha ni msomi tu.

7. Sefu wa Kasongo

Katika historia ya Kongo jina hili limeshikamana na mtu mmoja, Sefu bin Hamed, mwana wa Hamed bin Muhammed el Murjebi, aitwaye Tippu Tip. Baba yake alifanywa liwali wa Stanley Falls mwaka 1887 chini ya Dola Huru ya Kongo. Aliporudi Unguja na kutokuja tena, Sefu alibaki Kasongo akishika mamlaka ya jamaa. Mwaka 1892 Ngongo Lutete, aliyekuwa mtu wao mwenye nguvu katika nchi ya Lomami, aliwaacha akajiunga na Dola Huru, na vita vikawaka. Majeshi yaliyoongozwa na Dhanis yaliitwaa Nyangwe mwezi wa Machi 1893 na Kasongo mwezi wa Aprili. Sefu mwenyewe aliuawa vitani mwaka huohuo. Ngongo Lutete naye hakusalimika, maana katika 1893 hiyohiyo alihukumiwa na kupigwa risasi na wale aliowasaidia.

Vitabu vya Wazungu wa wakati ule vilimfanya Sefu kuwa adui wa ustaarabu, na vita vyenyewe vikasifiwa kuwa vya kukomesha utumwa. Ni kweli kwamba mali ya Kasongo ilitokana na pembe na watu waliotekwa, na haifai msomi kulificha jambo hilo kwa kupenda Uswahili. Lakini ni kweli pia kwamba washindi walileta kazi ya shuruti ya mpira, iliyowaangamiza watu wengi mno. Kwa hiyo jina Sefu haliwezi kusomwa kama alama ya uovu wa upande mmoja. Jamaa za Maniema ziliendelea kulitumia, kama zilivyoendelea kutumia Kiswahili chenyewe, ambacho nacho kilifika kwa njia ileile na hakuna anayekiita leo lugha ya adui.

8. Jina mbele ya sheria

Suala la ugeni wa jina si la nadharia tu. Wakati wa siasa ya uhalisi, mwaka 1972, wananchi wa nchi iliyoitwa Zaire (1971–1997) waliacha majina ya Kikristo. Sheria ya Jamaa ya tarehe 1 Agosti 1987 nayo iliagiza kwamba majina yachotwe katika urithi wa utamaduni wa taifa, yasipinge maadili mema wala yasiwe ya matusi au ya uchokozi.

Je, Sefu limo katika urithi huo? Anayetazama asili tu atajibu la, kwa kuwa ni neno la Kiarabu. Anayetazama matumizi atajibu ndiyo: jina lina zaidi ya miaka mia moja nchini, limepata umbo la Kibantu, na hurithiwa kutoka kwa babu hadi mjukuu katika jamaa ambazo hazikupata kuiona Omani. Jibu la pili ndilo lenye nguvu, kwa sababu urithi ni kile kilichopokelewa na kutunzwa. Kama asili ya neno ingetosha kulifukuza, basi kitabu, shule na hata neno sheria lenyewe yangefukuzwa pamoja nalo.

9. Hitimisho

Imeonekana kwamba Sefu lina maana mbili. Ya kwanza ni ya kamusi, nayo ni upanga. Ya pili ni ya ukoo: Sefu ni babu aliyetangulia, na mtoto anayeitwa hivyo amewekwa mahali pake. Wanafunzi wanaokusanya majina wasiridhike na maana ya kwanza. Wawaulize wazee mtoto alipewa jina la nani, lilitamkwaje nyumbani, na karani aliliandikaje. Maana katika tofauti za maandishi hayo, Seif, Saifu au Sefu, imo historia ya jamaa nzima. Waswahili husema, jina jema hung'ara gizani. Wema huo hauko katika chuma cha upanga, bali katika wale waliolibeba.