Mkanda Unaonuka Siki

Mwaka jana tulipokuwa tukipanga upya stoo ya vitabu vya ubatizo, tulikuta chini ya rafu kopo la bati, bapa kama sahani, limeshika kutu. Kulifungua, harufu kali ya siki ikatupanda puani. Ndani mlikuwa na mkanda wa sinema. Mzee tuliyekuwa naye akasema, "Litupe, karani, limeoza." Juu yake hapakuandikwa hata neno moja.

Mzee alisema kweli, lakini nusu. Mikanda mingi ya zamani ilitengenezwa kwa asetati, nayo ikikaa penye joto na unyevu hutoa asidi ile ile iliyomo katika siki. Mkanda husinyaa na kujipinda, na asidi yake huharakisha kuoza kwa mikanda iliyo karibu. Haurudi kuwa mzima. Baridi na ukavu huchelewesha tu. Sisi wa Singida ukavu twaupata miezi mingi, lakini chini ya bati mwezi wa Oktoba, nani asiyejua joto lake?

Hasara ya namna hii imekwisha kutupata. Kati ya mwaka 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, Meja L. A. Notcutt na wenzake walitengeneza sinema 35 za mafunzo kwa fedha za Carnegie Corporation ya Marekani. Waigizaji walikuwa Waafrika, na sinema zilizungushwa kwa lori zikaonyeshwa watu mahali pengi. Sauti haikuwa ndani ya mkanda bali katika sahani za gramafoni; sahani ikipotea, watu hubaki wakifumbua midomo bila neno. Katika hizo 35 zajulikana kusalia tatu tu, nazo zimetunzwa Uingereza: moja ya mafunzo ya uganga wa mifugo, moja ya safura, na moja ya mashamba ya Kingolwira, Morogoro. Nyuso za wengine hatutaziona tena.

Tena, watu watafutao picha za kale hawawezi kufungua kila kopo. Husoma daftari: mahali gani, mwaka gani, nani anaonekana. Mimi niliyekwisha kutafuta siku nzima jina la mtoto lililoandikwa ukurasa usio wake, naijua taabu hiyo.

Basi ukiona kopo la namna hii nyumbani, usiutie mkanda katika mashine kuukuu, maana uliosinyaa hukatika kwenye matundu ya pembeni. Uweke chumba chenye ubaridi kuliko vyote, mbali na mingine, mpaka upate kunakiliwa. Nawe waulize wazee upesi.

Sisi tulikunjua shibiri mbili tu, tukaziinua dirishani. Walionekana watu wanabeba matofali. Bibi mmoja akaazima lenzi, akatazama kitambo, akataja jina la kijana aliyeshika ngazi. Alikuwa kaka yake. Nimeliandika kwa penseli, na karatasi iko pamoja na kopo.