Fahamu: Uvundo ulioibadili London
Mji wa London, ambao mwaka 1801 ulikuwa na watu wapatao milioni moja, na nusu karne baadaye ukapita milioni mbili, haukuwa na pa kumwaga uchafu wa halaiki hiyo ila mto Thames, ambao maji yake, ajabu ya Mungu, wengi waliyanywa. Mwaka 1854 tabibu John Snow alibainisha kuwa kipindupindu cha mtaa wa Soho kilitoka katika bomba moja la maji. Wakubwa wengi hawakusadiki. Kiangazi cha 1858 uvundo wa Thames ulipoingia Bungeni, hata mapazia yakalowekwa dawa ya chokaa, ndipo waheshimiwa, wakiisha kuonja walichozoea mafukara, walipoharakisha kuidhinisha fedha za mhandisi Joseph Bazalgette kujenga mifereji mikubwa chini ya ardhi. Sheria ya afya ya umma ya 1875 ikazibebesha serikali za miji dhima ya kujenga mifereji ya uchafu.