Maziwa ya Saladi na Mchunga

Mkulima akatapo saladi, huona tone jeupe kama maziwa likichuruzika penye mkato wa shina. Muda si mrefu tone hilo hugeuka hudhurungi na kuacha doa. Mnunuzi asiyelifahamu jambo hili huweza kudhani kwamba mboga ina dawa ya wadudu au imeanza kuoza, akaikataa. Na hasara humwangukia mkulima. Kwa vyama ambavyo wanachama wake wako karibu na mahoteli, kama kule Utende, kisiwani Mafia, yafaa jambo hili lieleweke.

Maziwa hayo ni utomvu wa mmea wenyewe. Hukaa umesongwa katika mirija myembamba iliyotanda ndani ya shina na majani. Ndiyo maana huchuruzika mara mrija ukatwapo. Kazi yake ni kinga: huwazuia wadudu watafunao majani, na ugandapo huziba jeraha. Doa la hudhurungi hutokea utomvu ukutanapo na hewa.

Watu wa Pwani hawana ugeni na jambo hili. Mchunga, ile mboga chungu ipikwayo kwa tui la nazi, ni wa jamii moja na saladi, nao hutoa maziwa ya namna hiyo. Uchungu wa mboga hizi mbili watokana na utomvu huo, wala si sumu kwa mlaji.

Hata hivyo, isidhaniwe kwamba kila utomvu mweupe ni salama. Utomvu wa mnyaa, mti upandwao kuwa ua wa nyumba, huwasha ngozi na waweza kupofusha macho.

Saladi huzidi uchungu inapoanza kurefusha shina ili itoe maua, na joto huharakisha hali hiyo. Kwa hiyo mkulima avune kabla shina halijarefuka, tena alfajiri kungali baridi. Aoshe mkato kwa maji safi, kisha aiweke mboga kivulini.

Wapokeaji wa mazao katika vyama wasiikatae saladi kwa ajili ya maziwa yake. Waangalie kama majani yamenyauka, yameoza au yameliwa na wadudu. Ama dawa ya wadudu, hiyo haitambuliwi kwa rangi ya utomvu: mkulima aulizwe ni dawa gani aliyotumia na siku gani, na jibu lake liandikwe daftarini kabla mzigo haujapokelewa.