Je, wajua? Kitunguu kina kalenda yake

Kariakoo kitunguu maji hupimwa kwa sado, hupangwa mafungu, au hushushwa kwa lumbesa kutoka Mang'ola, Singida na Ruaha Mbuyuni, na ni nadra mnunuzi kukumbuka kwamba anachobeba ni kiumbe hai. Wengi hukiweka kundi moja na karoti, eti ni mzizi. Sivyo. Kipasue kwa urefu, kutoka shingoni hadi kwenye ndevu: kile kitako kigumu ambacho mpishi hukikata na kukitupa ndicho shina lenyewe, magamba manene yanayomtoa machozi ni majani yaliyovimba kwa maji na sukari, na katikati kabisa limejificha chipukizi. Huo ni mmea mzima uliofunga mizigo ukingoja msimu. Msimu gani? Hapo ndipo penye hoja yangu: tunguu lolote, liwe la chakula au la maua, limebeba kalenda ya nchi ya asili yake, na anayelipanda ugenini hushindana na kalenda hiyo kabla hata hajafikiria mbolea.

Chukua tulipu, ua ambalo Ulaya hupandwa kabla ya baridi kali ili lichanue baridi ikiisha. Asili yake ni milima ya Asia ya Kati, kwenye majira ya theluji. Tunguu la tulipu linapouzwa, ua tayari limekwisha kuumbika ndani yake, dogo, limekunjwa. Hata hivyo halitoki vizuri mpaka tunguu lilale kwenye baridi ya chini ya nyuzi 9 hivi kwa majuma 12 au zaidi. Ndipo wanga wa magamba unapogeuka sukari na kikonyo kupata nguvu ya kurefuka. Ukilifukia Upanga au Ilala bila baridi hiyo, ambako hata usiku wa Julai kipimajoto hakikaribii nyuzi 9, utapata majani machache na ua lililodumaa, au usipate ua kabisa. Mbolea ya kuku haiwezi kuchukua nafasi ya miezi mitatu ya baridi.

Mtu atauliza: friji si zipo? Swali la haki, na wakulima wa bustani katika majimbo yenye joto ya Marekani hufanya hivyo hivyo. Lakini friji ya nyumbani ina ndizi na maembe, na matunda yanayoiva hutoa gesi ya ethilini, ambayo huliua ua changa ndani ya tunguu bila nje kuonekana dalili yoyote. Hata likipona, kazi haijaisha: baada ya kuchanua, tulipu huhitaji majuma ya ubaridi ili majani yajaze akiba ya mwaka unaofuata, na joto la Dar huyakausha mapema. Kwa hiyo unanunua ua la mara moja, kwa bei ya umeme.

Pingamizi la pili ni zito zaidi, kwa kuwa linatoka jikoni kwetu: mbona kitunguu huchipua kikapuni bila kuonja baridi yoyote? Kweli huchipua, lakini kinachotoka ni majani. Ili kitoe ua, kitunguu nacho huhitaji majuma kadhaa ya ubaridi, ndiyo maana mbegu zake huzalishwa kwa urahisi zaidi nyanda za juu kuliko pwani. Na kuna jambo linaloshangaza: joto linaloamsha kitunguu haraka ni la nyuzi 10 hadi 20, si zile 25 hadi 30 za Kariakoo. Jua la Dar hukibembeleza kiendelee kulala. Adui yake mjini ni unyevu na uozo. Hata kuvimba kwake kuna saa. Aina za Ulaya ya kaskazini husubiri mchana wa saa 14 au zaidi, na hapa Dar mwaka mzima tofauti ya mchana mrefu na mfupi haifiki saa nzima. Zikipandwa huku hubaki majani tu. Aina ya Red Bombay hufaulu kwa sababu hutosheka na mchana wa saa 12.

Nasi tuna tunguu letu la maua. Ni *Scadoxus multiflorus*, jamaa wa mbali wa kitunguu, mwenyeji wa Afrika kusini mwa Sahara, ambalo hulala kiangazi na mvua zinapoanza huchomoza tufe jekundu la vijiua vinavyoweza kufika 200, mara nyingi kabla ya majani. (Lisichanganywe na la mboga, lina sumu.) Halidai theluji wala friji. Linachodai ni kitu ambacho bustani za mjini hulinyima kwa wema, yaani ukavu: likimwagiliwa maji mwaka mzima, huoza usingizini kabla vuli haijafika.