Mkataba Umeisha au Umekatishwa?

Tuseme mtaalamu wa maabara katika taasisi ya umma nchini Tanzania ametumikia miaka sita kwa mikataba ya miaka miwili miwili. Wa tatu unapofika ukingoni anapokea barua ya sentensi mbili: mkataba umekwisha, kabidhi vifaa. Nyumbani anasema amefukuzwa. Mwajiri anasema hakuna aliyefukuzwa. Kesi nzima inaweza kusimama juu ya ubishi huo.

Kwa kawaida mkataba wa muda maalumu hufa wenyewe siku yake ikitimia, wala mwajiri hadaiwi sababu. Hata hivyo, Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inatambua kwamba kukataa kuuhuisha kwa masharti yaleyale, au yanayofanana nayo, ni kumwachisha mtu kazi, iwapo alikuwa na haki ya kutarajia kuhuishiwa. Na hapo mzigo wa kuthibitisha unamwangukia mfanyakazi. Tumaini la moyoni halitoshi. Kanuni za 2007 zinamtaka aonyeshe msingi unaoonekana, kama vile mikataba iliyohuishwa huko nyuma au ahadi ya mwajiri. Kwa maoni yangu, miaka sita ya mtaalamu wetu ni mwanzo mzuri wa hoja, lakini barua ya mkuu wake inayompangia kazi za mwaka ujao ingempa nguvu zaidi. Barua za namna hiyo watu huziacha kwenye droo za ofisi, na siku ya kukabidhi funguo hubaki humo.

Mkataba ukikatwa katikati, mambo hugeuka: mwajiri ndiye anayepaswa kueleza sababu na utaratibu alioufuata, na mahakama zimewahi kuamuru alipe mishahara ya miezi iliyobaki.

Linaloniuma zaidi ni suala la mlango wa kubisha. Mfanyakazi wa sekta binafsi aliyeachishwa ana siku 30 za kufika Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Wengi wa serikalini hukimbilia hukohuko, kwa sababu ndiko majirani zao walikokwenda. Lakini marekebisho ya 2016 ya Sheria ya Utumishi wa Umma yanamtaka mtumishi wa umma amalize kwanza njia za rufaa za sheria hiyo, ikiwemo Tume ya Utumishi wa Umma, kabla ya kugusa sheria za kazi. Mwaka 2022, katika shauri lililohusu Shirika la Posta, Mahakama ya Rufani ilifuta mwenendo wote, wa Tume ya Usuluhishi na wa Mahakama Kuu, kwa sababu Tume ya Usuluhishi haikuwa na mamlaka ya kumsikiliza mtumishi wa shirika hilo.

Aliyepotea njia hivyo hajashindwa kwa hoja, maana hoja zake hazijaamuliwa. Anarudi mwanzo akiwa na barua ileile mkononi, na kwa kuwa muda wa rufaa umeshapita, ombi lake la kwanza ni la kuongezewa muda.