Ukuta, Bati na Mnara: Mtandao wa Simu Ndani ya Majengo ya Songwe

Wimbi la redio linalotoka kwenye mnara wa simu hudhoofika kwa sababu mbili zisizolingana: umbali, ambao hulipunguza nguvu kidogo kidogo na kwa kanuni inayotabirika, na kizuizi, yaani ukuta, paa au zege, ambacho huweza kulimaliza ndani ya sentimita chache. Upungufu huo hupimwa kwa desibeli, kipimo ambacho kupotea kwa 3 ni kubaki na nusu ya nguvu, na kupotea kwa 20 ni kubaki na sehemu moja tu ya mia.

Huko Ikinga, katika wilaya ya milima ya Ileje mkoani Songwe, ukuta wa tofali za kuchoma hula desibeli chache tu, lakini bati hurudisha wimbi lilikotoka, kwa hiyo mnara uliosimama mlimani juu ya kijiji huweza kung'arisha uwanja wote na kuacha chumba kikitegemea mwanya wa mlango na dirisha.

Hali ni ngumu zaidi kwa wakala wa fedha anayefanyia kazi ndani ya kontena mjini Tunduma, ambaye huonekana akitoka nje na simu mkononi ili muamala wa mteja ukamilike. Masafa ya chini, kama megahezi 900, husifiwa kwa kupenya kuta, na kwa tofali sifa hiyo ni ya haki. Lakini chuma hakipenyeki, na wimbi la masafa hayo lina urefu wa sentimita 33 hivi, hivyo hupita kwa shida katika kidirisha chenye nondo zilizokaribiana, ilhali wimbi la megahezi 2600, lenye urefu usiofika sentimita 12, hupenya hapo kwa urahisi zaidi. Tena simu hutoa nguvu ndogo, takriban wati 0.2 katika mtandao wa 4G, wakati mnara hutoa makumi ya wati. Ndiyo maana alama za mtandao huonekana kwenye kioo na bado ombi la muamala halifiki.

Mpaka wa Zambia, ulio hapo Tunduma, nao huongeza jambo lake. Simu iliyoruhusiwa kuhamia mtandao wa nje, ikipoteza mnara wa nyumbani kwa sababu ya ukuta, huweza kudaka wa Nakonde, Zambia, kupitia dirisha linalotazama huko, na mwenye simu akatozwa kama msafiri hali amekaa dukani kwake.

Kwa sababu hizo, mpangaji makini wa mtandao hupima chumba kwa chumba, hasa nyuma ya ngazi na katika vyumba visivyo na dirisha, kisha hupeleka kebo na antena ndogo kila ghorofa. Vikuza mawimbi vya bei rahisi vinavyouzwa kiholela si mbadala: isipotenganishwa vizuri antena yake ya nje na ya ndani, kikuza mawimbi husikia sauti yake chenyewe na kuanza kupiga kelele, mithili ya kipaza sauti kilichosogezwa karibu na spika, na kelele hiyo huharibu mawasiliano ya mtaa mzima. Kifaa cha namna hiyo kinahitaji idhini ya Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania (TCRA).

Anayejenga ghorofa Tunduma na aache bomba la kebo katika kila sakafu kabla zege halijamwagwa, maana kutoboa zege baadaye ni gharama.