Golf Imekataa Mlima? Soma Code Kwanza

Cheki form. Uko Waiyaki Way na Golf GT ya Mk5, imeoshwa ikang'aa, mbogi yote iko ndani, ngoma imechapa. Mkianza kupanda Kangemi unakanyaga mafuta, zii. Taa ya EPC imewaka, injini haitaki kupita three thao, na nduthi imebeba magodoro inawapita ikipiga honi. Hiyo ni kuchomwa picha live.

Buda atakushow ndai inataka kupumzika. Ati zima, ngoja kidogo, washa. Nguvu inaweza rudi, ndio, mpaka mlima ingine. Ndai haijachoka, buda! Kompyuta imepunguza nguvu makusudi ndio injini isijiue. Hiyo ndio limp mode, na sababu imeandikwa huko ndani kama code.

So isome. Chini ya steering kuna port ya OBD. Skana ndogo ya Bluetooth haifiki bei ya full tank, app unaweka kwa simu. Kabla ufute kitu, piga screenshot ya freeze frame: hapo kompyuta imeweka rpm, speed na joto la injini vile zilikuwa mambo ikiharibika. Msee wa kufuta code ndio taa izime amechoma ushahidi.

Tuseme imeleta P0299. Hii imekula wasee doo mbaya sana. Inasema tu boost iko chini ya ile kompyuta iliitisha. Haijasema turbo imededi! Lakini mech wa mtaa akiskia boost, anataka kukuuzia turbo, na hiyo ni rent ya miezi. Injini ya hii Golf, 1.4 TSI ya horsepower 170, iko na supercharger ya kusukuma rpm ikiwa chini, turbo ya juu, na mapaipu kibao. Ndai imezeeka, mpira umekauka, clip imelegea, hewa inatoroka. Itisha smoke test: moshi unasukumwa kwa intake, penye unatokea ndio penye kuna shida. Ikiwa safi, ingia diverter valve, halafu solenoid ya boost. Turbo ikae nyuma kabisa kwa line.

Code ikiwa ya throttle, anza na betri, earth na plug za waya. Voltage ikishuka, sensa zinaanza kudanganya.

Na mech akikataa smoke test na bado anataka deposit ya turbo, chukua funguo uishie.